NUTAN: BINTI ALIYEZALIWA NDANI YA SINEMA

Ndugu msomaji, ikiwa ulikulia Unguja, Mombasa, Tanga au Dar es Salaam katika miaka ya hamsini na sitini, hapana haja ya kukueleza Jumapili ya picha ya Kihindi ilikuwaje. Nguo zimekwisha kupigwa pasi tangu jana yake, watoto wamekogeshwa mapema, na akina mama wamekwisha kuafikiana nani atampitia nani ili waongozane hadi Majestic, au Empire, au Avalon. Kule Unguja yalikuwapo hata maonyesho ya wanawake peke yao, ambako mabuibui yaliweza kulegezwa na machozi kumwagwa bila ya haya. Lugha ya Kihindi wengi wao hawakuijua. Walichokijua ni uso wa mtu anayeonewa, na uso wa namna hiyo hauhitaji mkalimani.

Miongoni mwa nyuso hizo ulikuwapo mmoja ambao haukufanana na nyingine. Haukuwa mnene wala mweupe kama ilivyotakiwa siku zile, na mwenyewe hakupenda kupaka rangi nyingi wala kupiga kelele. Msichana huyu alipotaka kulia, kwanza alinyamaza. Jina lake lilikuwa Nutan, neno ambalo kwa lugha za kwao lina maana ya "mpya". Leo ukurasa wetu wa familia unakuletea habari za maisha yake, na tumeziita za familia kwa makusudi, kwa kuwa ni vigumu kumweleza mwanamke huyu bila ya kumweleza mama yake.

MAMA ALIYEITWA SITA

Sinema ya India ilipoanza, wanawake wenye heshima zao hawakutaka kuonekana ndani yake. Mwaka 1913, Dadasaheb Phalke alipotengeneza picha ya Raja Harishchandra, nafasi ya malkia ilibidi apewe mwanamume, Anna Salunke, aliyekuwa mpishi. Hata miaka ya thelathini, picha zilipokuwa zimekwisha kupata sauti, msichana wa nyumba njema aliyejiingiza studio alihesabiwa kuwa amepotea.

Shobhna, mama yake Nutan, alizaliwa Bombay mwaka 1916 katika nyumba ya namna hiyo hasa. Baba yake alikuwa mwenye benki. Biashara ilianguka, kisha mzee mwenyewe akafariki, na binti yule aliyezoea raha akajikuta akifundisha watoto wa watu masomo ya jioni ili nyumbani papatikane chakula. Tafadhali likumbuke jambo hili, msomaji, maana litatusaidia baadaye. Mtu aliyewahi kuona fedha ya baba yake ikiyeyuka huishika fedha kwa mkono mwingine kabisa.

Aliolewa na Kumarsen Samarth, kijana aliyekuwa amerejea kutoka masomoni Ujerumani na moyo wake wote ukiwa katika uongozaji wa filamu. Kwa ridhaa ya mume wake akaingia katika uchezaji. Mwaka 1943 mwongozaji Vijay Bhatt alimpa nafasi ya Sita katika picha ya Ram Rajya, na tangu siku ile hakuwa tena Shobhna Samarth machoni pa watu. Picha zake akiwa na Prem Adib, aliyecheza Rama, zilichapishwa kwenye kalenda na kutundikwa ukutani, na wako watu waliozifanyia ibada. Inasemekana kuwa Mahatma Gandhi, ambaye hakuipenda sinema hata kidogo, alikubali kuitazama picha hiyo.

Basi mtoto wa kwanza wa mtu huyu, aliyezaliwa tarehe 4 Juni 1936, alikua katika nyumba ambayo mama akitoka mlangoni watu humwinamia. Mtoto mwenyewe alikuwa mwembamba na mweusi kidogo, na ndugu na wageni waliofika kumtazama mama hawakuchelea kusema mbele yake kuwa kwa uzuri hakumrithi. Nutan alisimulia ukubwani kuwa alikua akiamini kabisa kwamba yeye ni mbaya wa sura. Nasi tunaosoma ukurasa huu tunazo nyumba, na katika nyumba hizo wapo mashangazi wanaolinganisha watoto hadharani kana kwamba watoto hawana masikio.

Mwaka 1945 alionekana kwa mara ya kwanza mbele ya kamera, akiwa mtoto, katika Nal Damayanti, picha iliyoongozwa na baba yake. Haukupita muda mrefu baba na mama wakaachana. Watoto walikuwa wanne, yaani Nutan, Tanuja, Chatura na mvulana mmoja, Jaideep, na wote wakabaki mikononi mwa mama.

"BINTI YETU"

Shobhna hakungoja mtu amtafutie binti yake kazi. Alianzisha kampuni yake mwenyewe, akaiongoza picha yeye mwenyewe, na mwaka 1950 akamtoa Nutan, aliyekuwa na umri wa miaka 14, katika filamu iliyoitwa Hamari Beti, maana yake "Binti Yetu". Mdogo wake, Tanuja, alicheza katika picha hiyohiyo kama Nutan alipokuwa mtoto. Hivyo mama alisimama nyuma ya kamera na mabinti wawili mbele yake, na jina la picha likawa kama hati ya umiliki. Lakini tusimhukumu mama huyu haraka. Alikuwa na watoto wanne na hana mume nyumbani, na mali aliyokuwa nayo ni ujuzi wa sinema basi.

Mwaka uliofuata msichana huyo alicheza katika Nagina na Hum Log. Nagina, iliyoongozwa na Ravindra Dave, ilikuwa na mambo ya kutisha kidogo, na bodi ya ukaguzi ikaamuru itazamwe na watu wazima tu. Inasimuliwa kuwa usiku wa onyesho la kwanza Nutan alifika sinema amevaa vizuri, akitarajia kujiona, na bawabu akamzuia mlangoni kwa kuwa umri wake haujatosha. Picha yake mwenyewe ilionyeshwa ndani, naye yuko nje.

Mwaka 1952 alishinda taji la urembo kule Mussoorie, mji wa vilimani anakokimbilia watu wakati wa joto. Jibu lililoje kwa wale mashangazi! Hata hivyo picha zake za mwanzo hazikumpeleka mbali, na mama akaamua kumpeleka Uswisi katika shule ya wasichana. Huko alikula akanawiri, akacheka, akaishi kama wasichana wengine ambao hakuna mtu anayewauliza picha yao ijayo inatoka lini.

SEEMA

Aliporejea alikutana na mwongozaji Amiya Chakravarty, na mwaka 1955 ikatoka Seema. Humo Nutan ni Gauri, yatima anayelelewa na jamaa wasiomtaka, anayesingiziwa wizi na kupelekwa katika nyumba ya kurekebishia wasichana. Anafika huko akiwa kama paka aliyebanwa pembeni: anarusha vitu, anauma, anavunja vioo. Bwana mkubwa wa nyumba hiyo, nafasi iliyochezwa na Balraj Sahni, anamshinda kwa subira.

Aliyepata kumwona Nutan katika picha hii atakubali kuwa hapo ndipo watu walipotambua kitu kipya. Wachezaji wengi wa siku zile walitokea katika jukwaa la maigizo, ambako ni lazima mtu wa kiti cha nyuma akusikie. Nutan yeye alicheza kana kwamba kamera iko karibu sana naye, na kwa kweli ndivyo ilivyokuwa. Hakuhitaji kuinua mkono wakati jicho linatosha. Seema ilimpatia tuzo ya Filmfare ya mchezaji bora wa kike, ya kwanza kati ya tano alizozipata katika uhai wake.

Isidhaniwe kuwa alikuwa mtu wa machozi tu. Katika Paying Guest ya mwaka 1957, na Tere Ghar Ke Samne ya mwaka 1963, akiwa pamoja na Dev Anand, alikuwa mcheshi na mwepesi wa ulimi. Katika Dilli Ka Thug ya mwaka 1958, akiwa na Kishore Kumar, alivaa vazi la kuogelea, jambo lililozua maneno mengi. Mwaka 1959 alicheza na Raj Kapoor katika Anari. Sauti katika nyimbo zilikuwa za akina Lata Mangeshkar, kama ilivyo desturi ya picha za Kihindi, ila Nutan alikuwa amefundishwa uimbaji, na ndiyo sababu ukimtazama shingo na kifua chake wakati wa wimbo utadhani pumzi ni yake. Mara mojamoja ilikuwa yake kweli, kama katika Chhabili, ambayo tutaitaja punde.

MTOTO NA "KAMA MTOTO"

Picha mbili ndizo zilizomweka Nutan mahali ambapo hakuna aliyemwondoa, nazo zote ziliongozwa na Bimal Roy. Ya kwanza ni Sujata ya mwaka 1959.

Habari yake ni hii. Mhandisi mmoja wa tabaka la juu, Upendra, anaishi na mke wake Charu. Kipindupindu kinawaua mtu na mkewe wa tabaka lile ambalo wenyewe huliita la wasioguswa, na kitoto chao kichanga kinaletwa mlangoni. Kinapokewa kwa muda, na muda huo unageuka kuwa miaka. Sujata anakua pamoja na Rama, mtoto wa kuzaliwa wa nyumba ile. Hakuna anayempiga wala kumnyima chakula. Isipokuwa wageni wanapofika, Charu humtambulisha Rama kwa kusema huyu ni binti yetu, na Sujata kwa kusema huyu ni kama binti yetu.

Neno hilo dogo, "kama", ndilo picha nzima. Nani katika sisi hajawahi kuishi katika nyumba yenye mtoto wa kulea, akasikia neno hilo likitamkwa kwa upole kabisa, bila ya ubaya wowote, mbele ya mtoto mwenyewe? Nutan anapolisikia hafanyi lolote. Anaendelea na alichokuwa akikifanya, ila mikono inakuwa mizito. Ninaamini kuwa msichana aliyewahi kuelezwa mbele ya wageni kuwa hakumfanana mama yake hakuwa na haja ya kufundishwa namna ya kulipokea neno hilo.

Kisha anatokea Adheer, aliyechezwa na Sunil Dutt, kijana ambaye familia ilimkusudia Rama, naye anampenda Sujata. Kuna mahali anamwimbia kwa simu. Sujata ameshika mkono wa simu kwa mikono miwili, hasemi neno, machozi yanateremka, na kwa dakika kadhaa hatuonyeshwi kingine zaidi ya uso wake. Mwisho Charu anaanguka ngazini, anahitaji damu, na damu inayooana na yake ni ya yule mtoto asiyeguswa. Wapo watakaosema kuwa hila hii ya damu ni nyepesi, na mimi sitabishana nao sana. Lakini lazima tukumbuke kuwa katiba ya India ilikuwa imekwisha kupiga marufuku ubaguzi huo tangu mwaka 1950, na vijijini haikuwa imebadilika hata njia ya kisimani. Mwaka 1960 Sujata ilishindana katika tamasha la Cannes, Ufaransa, na Nutan akapata tuzo yake ya pili ya Filmfare.

MUME, NA MLANGO ULIOFUNGWA

Tarehe 11 Oktoba 1959, Nutan aliolewa na Rajnish Bahl, afisa wa jeshi la wanamaji. Hakuwa mtu wa filamu, na hili pengine ndilo lililompendeza bibi arusi. Mwaka 1961 wakapata mtoto wa kiume, Mohnish.

Wakati huohuo mama yake alikuwa ametoa Chhabili, mwaka 1960, ili kumzindua binti wa pili, Tanuja. Nutan alicheza ndani yake, na akaimba kwa sauti yake. Picha hii inayomwonyesha kila mtu wa familia akimsaidia mwenziwe ndiyo ya mwisho ya umoja wao, kwani muda si mrefu baadaye nyumba ikapasuka.

Kiini cha ugomvi kilikuwa fedha na hesabu za kampuni ya familia. Binti alikuwa amefanya kazi tangu akiwa na miaka 14, na malipo yake yalipita mikononi mwa mama, kama ilivyo kawaida kwa mtoto. Lakini mtoto alikwisha kuwa mke wa mtu na mama wa mtu, akataka kujua chake ni kipi. Jambo lilifika mahakamani, magazeti yakaandika, na Bombay nzima ikapata la kuzungumza. Aliyecheza Sita na binti yake hawakuwa wakisalimiana.

Msomaji, hapa ndipo ninapokuomba urudi kwa yule msichana wa benki iliyoanguka. Mama huyu alijua njaa inavyoingia katika nyumba ya matajiri. Katika mawazo yake fedha ya mtoto ilikuwa fedha ya nyumba, na nyumba ilikuwa na midomo mitano. Kwa upande wa pili, yupo kijana aliyefanya kazi ya mtu mzima kabla hajamaliza utoto. Mimi nimejaribu mara nyingi kuamua nani alikuwa na haki, na kila nikikaribia kuamua huona uso wa yule mwingine. Kimya hicho kilidumu zaidi ya miaka ishirini. Walipatana mwaka 1983.

KALYANI

Baada ya ndoa na kujifungua, Nutan alikuwa amekaribia kuiacha kazi. Bimal Roy hakukubali. Alikuwa na kitabu cha Jarasandha, jina la uandishi la bwana mmoja wa Bengali aliyewahi kuwa mkuu wa magereza, naye alihitaji mtu wa kuwa Kalyani. Picha hiyo ni Bandini, maana yake "Mfungwa wa kike", iliyotoka mwaka 1963. Wengi huihesabu kuwa kazi bora kabisa ya Nutan, nami ni mmoja wao.

Kalyani ni binti wa msimamizi wa posta kijijini, wakati wa ukoloni wa Mwingereza. Anampenda Bikash, mpigania uhuru aliyewekwa kizuizini katika kijiji chao, nafasi ya Ashok Kumar. Bikash anaahidi kurudi. Harudi, na habari inafika kuwa ameoa. Kalyani anakimbilia mjini kuficha aibu, anafanya kazi ya kuhudumia wagonjwa, na mgonjwa wake mmoja ni mwanamke mkorofi asiyeshukuru. Siku anayopata habari kuwa baba yake amefariki akimtafuta, siku hiyohiyo anagundua kuwa mgonjwa huyu ndiye mke wa Bikash.

Hapo yupo peke yake chumbani na jiko na birika la chai. Nje, mafundi wanachomelea chuma. Mwanga wao unapiga usoni mwake na kuzimika, unapiga na kuzimika, nyundo zinagonga, na Nutan hasemi neno hata moja. Uso huo unapita kutoka huzuni hadi chuki, kutoka chuki hadi kitu kisicho na jina, na mkono unakwenda kuchukua sumu ya wadudu. Waongozaji wengi wangempa maneno ya kusema. Bimal Roy alimpa nyundo na mwanga, akamwachia mengine.

Gerezani, daktari kijana, Dharmendra, anataka kumwoa licha ya yote. Kalyani anaachiliwa, mlango wa maisha mema uko wazi, na kwenye kituo cha meli anamkuta Bikash, mgonjwa, mchovu. Unajua anamchagua nani. Nimesikia akina dada wengi wakikasirishwa na mwisho huo, na sina la kuwajibu zaidi ya kuwa uso wa Nutan anapokimbilia mashua ile si uso wa mtu anayejitoa kafara. Tuzo ya tatu ya Filmfare ilikuja kwa picha hii. Ya nne aliipata kwa Milan ya mwaka 1967, pamoja na Sunil Dutt, hadithi ya binti wa mwenye ardhi na mpiga makasia, waliokufa wakazaliwa tena.

SUKARI GURU

Mwaka 1974 serikali ya India ilimtunukia nishani ya Padma Shri. Mwaka mmoja kabla yake alikuwa ametoa picha ambayo haikupata watazamaji wengi, lakini ambayo mtu wa pwani yetu akiitazama ataielewa kuliko yeyote. Ni Saudagar, "Mfanyabiashara", iliyoongozwa na Sudhendu Roy.

Moti ni mgema wa mitende katika kijiji cha Waislamu wa Bengali. Nafasi hiyo ilichezwa na kijana mrefu aliyekuwa bado hajavuma sana, Amitabh Bachchan. Moti anamtaka msichana mrembo, Phoolbanu, na baba yake anadai mahari kubwa. Katika kijiji yupo mjane aliyemzidi umri kidogo, Mahjubi, ambaye akiipika tembo ya mtende hutoka sukari guru isiyo na mfano sokoni. Moti anapiga hesabu. Anamwoa Mahjubi. Mke anapika kutwa, mume anauza na kuweka akiba. Msimu unapokwisha na mahari inapotimia, anampa talaka, tena kwa kumsingizia utovu wa adabu, kisha anakwenda kumwoa Phoolbanu kwa fedha iliyotoka kwenye jiko la mwenziwe.

Mrembo hajui kupika guru. Anaiunguza, wateja wanarudisha, jina la Moti linaharibika, hata mwisho anakwenda kusimama na vyungu vyake mbele ya mlango wa Mahjubi, ambaye amekwisha kuolewa na mzee mmoja mwuza samaki, mwenye watoto na heshima.

Yatazame mabega ya Nutan katika picha hii. Anakoroga mtungi mkubwa kwa saa na saa, na uchovu ule ni wa mtu anayepika kwa kuwa anapendwa, au anadhani anapendwa. India iliipeleka Saudagar kushindania tuzo ya Oscar ya picha ya lugha ya kigeni, haikuteuliwa. Na mtu akiniuliza kwa nini mcheza sinema aliyegombana na mzazi wake juu ya pato lake aliweza kumcheza hivyo mwanamke ambaye kazi yake iliyeyushwa na mwingine, nitamwomba aniruhusu nisijibu.

MIAKA YA UMAMA

Wacheza filamu wa kike wa India walizoea kustaafishwa wakifika miaka thelathini na kitu, wakabaki kupewa nafasi za akina mama waliovaa nyeupe na kukohoa. Nutan alizicheza nafasi hizo kwa namna yake. Katika Main Tulsi Tere Aangan Ki ya mwaka 1978, akiwa na umri wa miaka 42, alikuwa mke anayemlea mtoto wa kimada wa mume wake pamoja na wake wa kumzaa. Tuzo ya tano ya mchezaji bora ilimjia kwa picha hiyo. Haikupatikana mwanamke mwingine wa kuifikia idadi hiyo hadi baada ya miaka zaidi ya thelathini, na aliyeifikia, mwaka 2011, alikuwa mtu wa nyumbani, kama utakavyoona.

Mwaka 1985, katika Meri Jung ya Subhash Ghai, alikuwa mama aliyerukwa na akili baada ya mume wake kunyongwa bila ya hatia, akapata Filmfare ya mchezaji msaidizi. Mwaka 1986 alicheza na Dilip Kumar katika Karma. Ni ajabu kuwa magwiji hawa wawili waliofanya kazi mji mmoja miaka mingi hawakuwahi kukutana katika picha iliyokamilika kabla ya hiyo, na walipokutana walikuwa wazee.

Kisha saratani. Iligunduliwa mwaka 1990, ilianzia titini. Tarehe 21 Februari 1991 alifariki katika hospitali ya Breach Candy, Bombay, akiwa na miaka 54. Picha alizokuwa amezikamilisha zilitoka baadaye bila ya yeye. Mume wake alimfuata mwaka 2004, katika moto uliounguza nyumba yao ya ghorofani huko Colaba.

Mama, Shobhna, alimzika binti yake wa kwanza. Aliishi hadi tarehe 9 Februari 2000. Walikuwa wamepata miaka minane ya kusemezana tangu kupatana kwao, baada ya ile zaidi ya ishirini ya kimya.

WALIOBAKI

Tanuja, yule mdogo aliyemcheza dada yake akiwa mtoto, aliendelea na njia yake. Wengi wenu mnamkumbuka katika Haathi Mere Saathi ya mwaka 1971, ile picha ya tembo, akiwa na Rajesh Khanna. Aliolewa na Shomu Mukherjee, mtoto wa Sashadhar Mukherjee wa studio ya Filmistan, ambako Paying Guest ilitengenezwa, na kwa ndoa hiyo koo mbili za sinema zikawa moja. Binti yao ni Kajol. Picha ya kwanza ya Kajol, Bekhudi, ilitoka mwaka 1992, na mama yake halisi ndiye aliyecheza mama yake. Mama mkubwa na mpwa walipitishana mlangoni hivyo, kwa tofauti ya mwaka mmoja na miezi kadhaa. Ni Kajol huyu aliyeifikia idadi ya tuzo tano za Nutan.

Mohnish naye hakukaa nje ya studio. Alikuwa adui katika Maine Pyar Kiya ya mwaka 1989, picha ya kampuni ya Rajshri, ileile iliyotengeneza Saudagar. Mama yake aliwahi kuyaona mafanikio hayo. Miaka miwili baada ya kifo chake Mohnish alipata binti, na mwaka 2019 binti huyo akaonekana kwa mara ya kwanza katika filamu iitwayo Notebook, akiwa mwalimu katika shule iliyojengwa juu ya maji ya ziwa kule Kashmir. Anaitwa Pranutan. Ukilikata jina hilo katikati utamkuta bibi yake.